UZI: Umeenguliwa kwenye zabuni ya ujenzi ya serikali na unataka kwenda mahakamani? Soma kabla hujamlipa wakili

Mleta uzi

Wakuu, salaam.

Kazi yangu kwa miaka mingi imekuwa kuandaa zabuni za ujenzi: barabara, madaraja madogo, madarasa, wodi. Nimeshinda, nimeshindwa, na nimeenguliwa. Kushindwa kwa bei kunauma siku mbili tatu, kisha mtu unarudi kazini. Kuenguliwa kuna uchungu wake. Bei yako imesomwa siku ya ufunguzi, ukumbi mzima umesikia kwamba ni ya chini, halafu wiki kadhaa baadaye inakuja barua ya mistari minne: zabuni yenu haikukidhi matakwa ya awali. Hawakufika hata kwenye bei.

Hapo ndipo damu inapochemka na mtu anakimbilia kwa wakili akiwa na hoja moja mdomoni: "Sisi tulikuwa wa bei nafuu." Ninaandika uzi huu kwa sababu nimeona kampuni nzuri zikipoteza fedha na muda kwa hoja hiyo, na yangu ilikuwa mojawapo.

Nianze na yetu. Hati za zabuni zilitaka dhamana ya zabuni, yaani hati ya benki ya kuhakikisha kwamba mzabuni hatajitoa, iwe hai kwa siku 150. Benki ikatumia fomu ya zamani, ikatoka ya siku 120. Hakuna aliyeisoma mpaka mwisho, nami nilikuwa wa kwanza niliyepaswa kuisoma. Tukaenguliwa, tukakata rufaa. Mbele ya wajumbe wa rufaa wakili wetu alizungumza karibu saa nzima kuhusu tofauti ya bei, uzoefu wetu na mitambo tuliyokuwa nayo. Mwenyekiti akauliza swali moja: "Hati ilisema siku ngapi?" Tukajibu. Akauliza la pili: "Mliomba ufafanuzi kabla ya kufunga?" Hatukuomba. Shauri lilikuwa limekwisha, na nikitazama nyuma naona uamuzi ulikuwa wa haki.

Kwenye mashauri ya namna hii, anayekusikiliza hakai pale kuamua nani alistahili kazi. Anaangalia mlango ulivyofungwa. Je, kigezo kilichokutoa kilikuwa kimeandikwa kabla? Kilitumika kwa wote kwa kipimo kimoja? Kina uzito kweli, au ni kasoro ndogo iliyokuzwa? Nawe umewahi kulalamika? Kama hujajipanga kwenye hayo, ubora wa kampuni yako hautakuokoa.

Nitaendelea hapa chini kidogo kidogo. Wenye mikasa yao waweke.

Mkadiriaji

Mkuu, umegusa donda. Ila nikuulize: kama mahakama haiangalii nani alistahili, faida yake ni nini? Si itabaki kuwa mhuri wa maamuzi ya kamati?

Mleta uzi

Hapana, mkuu, na hapa wengi hawaelewi tofauti yake.

Uhindi kuna kesi inayotajwa kila mara kwenye mambo haya, Tata Cellular dhidi ya Union of India, ya mwaka 1994. Mahakama ya juu kabisa ya nchi ile ilisema kwamba jaji hakai kama mtu wa kukatiwa rufaa dhidi ya kamati ya zabuni. Hana utaalamu wa kupima zege. Anachopima ni namna uamuzi ulivyofikiwa. Zaidi ya miaka kumi baadaye, kwenye Jagdish Mandal dhidi ya State of Orissa, iliyotokana na zabuni za ujenzi, mahakama hiyohiyo ikaweka maswali mawili ya kujiuliza kabla jaji hajaingilia. La kwanza: je, uamuzi umefanywa kwa nia mbaya au kwa upendeleo, au ni wa ajabu kiasi kwamba hakuna mamlaka yenye busara ingeufikia? La pili: maslahi ya umma yameguswa? Ukijibu "hapana" kwa yote mawili, funga jalada.

Usidhani maswali hayo ni mepesi kwa serikali. Kamati ikikutoa kwa kigezo ambacho hakikuandikwa popote, hilo linaingia moja kwa moja kwenye swali la kwanza. Ikimpitisha mwenzako mwenye kasoro ileile, vivyo hivyo. Mashauri mengi niliyoyaona yakishinda yalishinda kwa njia hizo mbili. Hoja ya ubora wa kampuni sijawahi kuiona ikishinda peke yake.

Injinia wa maji

Wakuu, uzi huu umenikuta nikiwa motoni. Tumepata barua siku nne zilizopita. Kazi ni ya tangi na bomba la kusambaza maji. Sababu waliyotoa: "kurasa hazikupigwa namba mfululizo kama ilivyotakiwa". Ni kweli viambatisho vya vyeti vya mitambo vilikuwa na kurasa kama kumi na moja bila namba. Zabuni nzima ni zaidi ya kurasa 400. Nyaraka zote zipo, sahihi zipo, dhamana ipo. Tuna hoja hapo au tunyamaze?

Mleta uzi

Pole sana, ndugu. Usinyamaze bado, lakini usikimbie pia. Hilo lako liko katikati kabisa ya ugomvi mkubwa wa eneo hili: kasoro gani ni ndogo na ipi inaua zabuni.

Afrika Kusini wana hukumu mbili ambazo kila mwandaa zabuni angepaswa kuzijua, zote za Mahakama Kuu ya Rufaa. Ya kwanza ni Millennium Waste Management, mwaka 2007. Mzabuni alisahau kutia sahihi kwenye fomu moja ya tamko, akaenguliwa. Mahakama ikasema kumtupa nje kwa kosa lile la bahati mbaya, wakati zabuni yenyewe ilikuwa na mengi ya kupimwa, hakukuwa haki kwake wala kwa umma uliokuwa ukitafuta huduma kwa gharama nzuri. Lakini angalieni nafuu waliyompa. Kazi ilikuwa imeshaanza mikononi mwa mwingine, kwa hiyo mahakama iliagiza zabuni yake ipimwe kwanza na kulinganishwa na ya mshindi. Haikumkabidhi kandarasi.

Ya pili ni Dr JS Moroka Municipality, mwaka 2013. Hapa mzabuni alitakiwa kuleta cheti halisi cha kutodaiwa kodi, akaleta nakala. Akaenguliwa, akaenda mahakamani, akafika mpaka ngazi hiyo ya rufaa na akashindwa. Sababu: manispaa ilikuwa imeandika wazi kwamba cheti halisi ni sharti la chini kabisa la kuingia, na taasisi ina haki ya kuweka masharti yake ya mlangoni. Mahakama haikuona kazi yake kuwa kuamua kama sharti lile lilikuwa la lazima au la.

Weka hukumu hizo mbili pamoja uzisome usiku mmoja. Mtu akisoma ya kwanza peke yake atashtaki kila kitu, na akisoma ya pili peke yake hatashtaki chochote. Swali la kujiuliza ni sharti lile lilikuwa linalinda nini, na liliandikwaje. Injinia, nenda kwenye maelekezo kwa wazabuni, usome neno kwa neno: je, imeandikwa kwamba kukosa namba za kurasa kutasababisha kuenguliwa? Au imeandikwa tu kwamba kurasa zipigwe namba? Hizo ni sentensi mbili tofauti kabisa.

Mjumbe wa kamati

Naomba niseme kwa upande wa pili, kwa sababu nimekaa kwenye kamati za tathmini na sipendi tunavyochorwa.

Sharti la namba za kurasa linaonekana la kipuuzi mpaka siku unapoambiwa kuwa ukurasa fulani umechomolewa, au umeingizwa usiku baada ya ufunguzi. Namba mfululizo ndizo zinazotulinda sisi na mzabuni mwenyewe. Kenya wameliweka hata kwenye sheria yao ya ununuzi ya mwaka 2015. Tukilegeza kwa mmoja, kesho wa pili anatushtaki kwamba tumempendelea. Kamati ikisamehe inashtakiwa, isiposamehe inashtakiwa. Na wanaolalamika kwamba tunaengua kwa mambo madogo ndio haohao wanaotukaba tukimsamehe mshindani wao.

Kwa hiyo mkija kwenye rufaa, msianze na matusi kwamba kamati imehongwa. Mara nyingi tulikuwa watu watano tumechoka, tuna jedwali la ndiyo na hapana mbele yetu, na tunaogopa mkaguzi.

Mleta uzi

Nakushukuru mno, mkuu, na unayosema yana ushahidi mkubwa.

Uingereza, mamlaka inayosimamia kuvunjwa kwa vinu vya zamani vya nyuklia ilitoa kandarasi yenye thamani ya zaidi ya pauni bilioni 6. Kundi la kampuni lililoshindwa, ambamo EnergySolutions ilikuwemo, likashtaki. Mwaka 2016 jaji aligundua kwamba kundi lililoshinda lilikuwa na mapungufu kwenye vigezo vya kupita au kufeli, na lilipaswa kuenguliwa. Watathmini walikuwa wamepindisha alama ili lisitoke. Mwaka 2017 mamlaka ile ikakubali kulipa karibu pauni milioni 100 kwa walioshindwa. Mjumbe, nadhani hiyo ndiyo hofu unayoisema: kumsamehe mtu aliyestahili kutoka kunaweza kuigharimu serikali kuliko kumtoa.

Kanada nao wana M.J.B. Enterprises, mwaka 1999, na hii ni ya ujenzi hasa: nyumba ya pampu na mfumo wa maji kwenye kambi ya jeshi huko Alberta. Mzabuni wa bei ya chini aliambatisha maelezo kwa mkono wake kuhusu bei ya kujazia mitaro, yaani aliweka sharti lake mwenyewe. Wakampa kazi. Wa pili kwa bei akashtaki. Serikali ikajitetea kwa ile sentensi tunayoijua sote, kwamba taasisi hailazimiki kukubali zabuni ya chini au zabuni yoyote. Mahakama ya juu ikasema sentensi ile haiwapi ruhusa ya kukubali zabuni iliyokiuka masharti. Mzabuni wa pili akalipwa faida aliyoikosa, karibu dola 398,000 za Kanada.

Msingi wake ulikuwa umewekwa mwaka 1981 kwenye kesi ya Ron Engineering: ukiwasilisha zabuni inayofuata masharti, tayari kuna mkataba wa awali kati yako na mwenye zabuni, mbali na mkataba wa ujenzi wenyewe, na unambana kila mmoja. Nilipolielewa hilo niliacha kabisa kuziona hati za zabuni kama makaratasi ya kujaza.

Injinia wa maji

Nimesoma maelekezo kama ulivyosema. Yameandikwa: "Zabuni itakayokosa namba mfululizo itachukuliwa kuwa haikukidhi." Naona tumekwisha.

Ila kuna jambo. Siku ya ufunguzi nilikuwepo. Mwenyekiti alikuwa anasoma idadi ya kurasa za kila zabuni. Alipofika kwa mwenzetu mmoja, alisema kwa sauti kwamba haina namba kabisa, akaipitia kwa kuhesabu. Na huyo mwenzetu hayumo kwenye orodha ya walioenguliwa. Amefika hatua ya bei.

Wakili kijana

Ndugu Injinia, hilo ulilolisema mwishoni ndilo shauri lako. Acha hoja ya kwamba kasoro ni ndogo iwe ya pili. Ya kwanza iwe usawa: sharti moja, kasoro moja, matokeo mawili. Omba kumbukumbu za ufunguzi kwa maandishi leo hii, kabla ya kuandika lolote lingine. Ulichosikia kwa masikio hakitoshi, lazima kiwe kimeandikwa au uwe na shahidi mwingine aliyekuwepo.

Na omba sababu kamili za kuenguliwa. Barua ya sentensi moja mara nyingi haitoshi kisheria, na wakikataa kukupa sababu hilo nalo ni kosa la kujitegemea.

Mleta uzi

Naunga mkono kila neno. Na sasa nizungumze kuhusu muda, kwa sababu Injinia ameshatumia siku nne na kadhaa kusoma uzi.

Sijaona eneo la sheria lenye saa kali kama hili. Nchini Kenya una siku 14 tangu uarifiwe, au tangu kosa lenyewe lilipotokea, kupeleka ombi kwenye bodi ya mapitio ya ununuzi wa umma. Bodi nayo ina siku 21 tu kuamua. Usiporidhika, siku 14 nyingine kwenda Mahakama Kuu, ambayo inapaswa kuamua ndani ya siku 45. Kutoka hapo una siku 7 kwenda Mahakama ya Rufaa, nayo siku 45. Na siku hizo zinawabana hata majaji. Mwaka 2021, kwenye shauri la Aprim Consultants, Mahakama ya Rufaa ilisema hukumu iliyotolewa na Mahakama Kuu baada ya siku 45 kupita ni batili. Fikiria umeshinda, halafu ushindi unafutika kwa sababu kalenda ilipita.

Sipingi ukali huo. Daraja linasubiri, fedha za bajeti zina mwisho wa mwaka, na watu wanavuka mto kwa mtumbwi wakati sisi tunabishana. Lakini maana yake kwako ni kwamba wiki ya kwanza baada ya barua ndiyo shauri lenyewe. Ukiitumia kupiga simu kwa wakubwa kutafuta "kuongea", umeshaitupa.

Kuna saa nyingine ambayo watu hawaioni kabisa, ile inayoanza kabla hujawasilisha zabuni. Ukisoma hati ukaona kigezo cha ubaguzi, mfano wanataka uzoefu wa mradi ambao kampuni moja tu imewahi kuujenga, usikae kimya ukisema utalalamika ukishindwa. Nchini Marekani, mahakama ya rufaa ya shirikisho iliamua mwaka 2007, kwenye kesi ya Blue & Gold Fleet, kwamba aliyeona dosari ya wazi kwenye hati na akanyamaza mpaka muda wa kuwasilisha ukapita amepoteza haki ya kuishtakia baadaye. Kesi ilihusu vivuko vya kwenda kisiwa cha Alcatraz, lakini kanuni ni ileile kwa barabara. Na ukitazama maneno "tangu kosa lilipotokea" kwenye sheria ya Kenya, utaona yanakupeleka palepale.

Mkadiriaji

Na kuhusu bei ya chini sana? Sisi tuliwahi kuondolewa tukaambiwa bei yetu "si ya uhalisia". Hawakutuuliza hata swali moja. Machimbo ya kokoto ni yetu wenyewe, ndiyo maana tulikuwa chini.

Mleta uzi

Mkuu, kisa chako kimeamuliwa zamani sana kwingine, na kwa ajili ya uwanja wa mpira.

Italia ilikuwa inajiandaa kwa Kombe la Dunia la 1990. Jiji la Milan likatangaza zabuni ya kukarabati uwanja. Sheria ya wakati ule iliruhusu kukokotoa kiwango kutokana na wastani wa zabuni zote, na aliye chini ya kiwango anatoka moja kwa moja. Kampuni ya Fratelli Costanzo ikatoka hivyo. Ikashtaki, na mwaka 1989 Mahakama ya Haki ya Ulaya ikasema huwezi kumtoa mtu kwa hesabu tu. Lazima umwandikie, umpe nafasi ya kueleza bei yake, upime maelezo yake, ndipo uamue. Mahakama ikaongeza kwamba hata halmashauri ya jiji inabanwa na kanuni hiyo moja kwa moja, isijifiche nyuma ya sheria ya nchi.

Machimbo yenu ndiyo aina ya maelezo ambayo nafasi hiyo ilitengenezewa. Mtu anaweza kuwa chini kwa sababu ana mitambo iliyokwisha kulipiwa, au yupo karibu na eneo la kazi, au ana njia bora ya kujenga. Anaweza pia kuwa chini kwa sababu amesahau ukurasa mzima wa orodha ya vipimo. Kamati haiwezi kujua ipi ni ipi bila kuuliza. Nikiandaa zabuni yenye bei ya chini sasa, ninaambatisha mchanganuo wa bei hata kama haujaombwa. Siku ya ugomvi nataka iwe kwenye jalada kwamba sababu walikuwa nayo mkononi.

Mpita njia

Tukishinda tunapewa kazi?

Mleta uzi

Mara chache. Bodi au mahakama ikikupa haki, kwa kawaida itaagiza tathmini irudiwe ukiwa ndani, au zabuni itangazwe upya. Kwa hiyo jambo la kwanza la kupigania ni kwamba mkataba usitiwe sahihi kwanza. Ulaya walijifunza hilo kwa kesi ya Alcatel Austria, mwaka 1999: haki ya kupinga haina maana kama mkataba unasainiwa siku ileile mshindi anapotangazwa. Ndipo ikaja kanuni ya kusubiri, siku 10 zisizopungua pale taarifa inapotumwa kwa njia ya kielektroniki. Kenya ni siku 14, na ombi likishafika kwenye bodi, mchakato unasimama. Marekani wana kitu kama hicho tangu sheria yao ya mwaka 1984: malalamiko yakifika kwa wakati kwenye ofisi ya ukaguzi ya Bunge, kazi inasimama kwa kawaida, na ofisi ina siku 100 kutoa uamuzi.

Nje ya mifumo hiyo, ukiwa mbele ya jaji wa kawaida unaomba zuio, mambo ni magumu zaidi. Mahakama ya juu ya Uhindi ilisema waziwazi mwaka 2022, kwenye shauri la N.G. Projects lililohusu ujenzi wa barabara jimboni Jharkhand, kwamba majaji wajizuie kusimamisha miradi ya miundombinu, na hata wakikuta kuna ukiukwaji, waelekee kwenye fidia kuliko kusimamisha kazi. Mimi binafsi hukumu ile inanipa shida. Fidia ya kukosa kazi ni ngumu kuithibitisha, na mkandarasi mdogo anaitafuta huku vibarua wake wameshaondoka na mtambo umechukuliwa na benki. Lakini ndiyo hali, na anayekwenda mahakamani aijue.

Wakili kijana

Niongeze jambo moja ambalo wengi wanalichanganya. Kuenguliwa kwenye zabuni moja na kufungiwa zabuni zote ni vitu viwili. Ukifungiwa, kiwango cha haki unachostahili kinapanda sana. Ni lazima upewe taarifa ya kusudio, uelezwe tuhuma, usikilizwe. Uhindi walishasema hivyo tangu miaka ya 1970 kwenye Erusian Equipment, na mwaka 2020 kwenye UMC Technologies wakaongeza kwamba barua ya kujieleza lazima itaje wazi kuwa kufungiwa ni adhabu inayofikiriwa. Haitoshi kuandika "hatua zitachukuliwa".

Mleta uzi

Hili lisisitizwe, kwa sababu kufungiwa kunaua kampuni. Tangu mwaka 2010 benki tano kubwa za maendeleo, zikiwemo Benki ya Dunia na Benki ya Maendeleo ya Afrika, zina makubaliano kwamba ikikufungia moja kwa zaidi ya mwaka, nyingine nazo zinaweza kukufungia. Kosa la mradi mmoja linakufuata kwenye nchi usizowahi kukanyaga. Kwa hiyo kama kwenye barua yako ya kuenguliwa kuna neno "udanganyifu" au "nyaraka za kughushi", usiichukulie kama barua ya zabuni moja. Ijibu hata kama kazi yenyewe huitaki tena. Ukinyamaza, neno lile linabaki kwenye jalada, na taasisi nyingine italiokota mwaka ujao.

Mjumbe, kuna lolote la kuongeza kwa Injinia kabla hajaandika?

Mjumbe wa kamati

Moja tu. Barua ya kuomba kumbukumbu iandikwe kwa afisa masuuli, yaani mtendaji mkuu wa taasisi, siyo kwa mwenyekiti wa kamati. Sisi kamati hatuna mamlaka ya kutoa nyaraka, tukipewa barua tunaiweka tu ikisubiri, na siku zake zinakwenda. Aombe kumbukumbu za ufunguzi na muhtasari wa tathmini ya zabuni yake mwenyewe. Asiombe zabuni ya mwenzake, atanyimwa, na kunyimwa huko kutatumika kuchelewesha yote mengine.

Injinia wa maji

Nimerudi. Barua niliipeleka kwa mkono siku ya sita, nakala ikagongwa mhuri wa kupokelewa. Siku ya nane wakanipa kumbukumbu za ufunguzi. Ukurasa wa pili, mstari wa zabuni namba nne: "Kurasa hazina namba. Zimehesabiwa na kamati: 362." Sahihi za wajumbe wote zipo chini yake. Muhtasari wa tathmini wamekataa kunipa, kwa maandishi.

Nimekaa na wakili jana. Hoja ya kwanza ni usawa, kama mlivyosema. Ya pili ni kunyimwa sababu. Namba za kurasa kama kasoro ndogo tumeiweka ya tatu, aya moja tu. Habari za bei yetu kuwa ya chini nimezifuta zote, ingawa mkono ulikuwa mzito.

Ombi limepokelewa leo asubuhi. Siku ya kumi.

Mleta uzi

Vizuri sana, ndugu. Hakikisha una uthibitisho kwamba taasisi imearifiwa kuhusu ombi, wenye tarehe na saa, ili mtu asije kusema mkataba ulisainiwa kabla hawajajua. Na mtafute yule mwingine aliyekuwepo ukumbini siku ya ufunguzi, aandike anachokikumbuka sasa hivi kabla hajasahau.